Sifuri Iliyosahaulika Fredericton

Mita iliyohesabu umeme wa kiwanda cha maziwa cha General Dairies mjini Fredericton, mashariki mwa Kanada, haikuwa mbovu. Ilizunguka ilivyopaswa na tarakimu zake zilisomeka. Lakini ilikuwa mita ya mteja mkubwa, na mita za namna hiyo haziandiki usoni umeme wote uliopita. Tarakimu ikishasomwa lazima izidishwe, na kwa mita hii ilikuwa mara 10, ndipo zipatikane yuniti halisi. Msoma mita wa kampuni ya Maritime Electric alikuja, akasoma, akaandika, akaenda zake. Ofisini hakuna aliyezidisha. Mwezi ukapita, ukaja mwingine, hadi ikatimia miezi 28, mwishoni mwa miaka ya 1920 na mwanzoni mwa ile ya 1930. Muda wote huo kiwanda kililetewa bili ya sehemu moja ya kumi ya umeme kilioutumia, nacho kikalipa kilichodaiwa.

Kosa lilipogunduliwa, kampuni ilidai tofauti yote, dola 1,900 na ushee. Kiwanda kikakataa. Basi shauri likaanza safari ya kutoka jimbo la New Brunswick kwenda Ottawa, na kutoka Ottawa kwenda London. Kanuni iliyotamkwa London ikasambaa pamoja na vitabu vya sheria katika makoloni yote yaliyokuwa chini ya mfalme wa Uingereza, ya kwetu yakiwamo. Nimeifuata njia hiyo katika kurasa za hukumu, kituo kwa kituo. Naamini kila mwenye mashine ya kusaga, kiwanda cha barafu au karakana ya kuchomelea aliyewahi kupelekewa barua ya deni la nyuma anapita katika njia hiyo hiyo, ajue asijue.

Kabla ya kufika Fredericton inafaa kurudi nyuma kidogo, maana ugomvi wa bili una umri sawa na bili yenyewe. Thomas Edison alipowasha kituo chake cha Pearl Street mjini New York, tarehe 4 Septemba 1882, hakuwa na mita yenye tarakimu. Mita aliyoitumia kwa wateja wake ilikuwa chupa ya kioo yenye maji yaliyoyeyushwa chumvi ya zinki, na ndani yake vibamba vya zinki. Umeme ukipita, zinki hutoka katika kibamba kimoja na kuganda kwenye kingine. Mtu wa kampuni alipita kukusanya vibamba, vikapimwa kwenye mizani nyeti, na tofauti ya uzito ikageuzwa kuwa fedha. Kisayansi hesabu hiyo ilikuwa safi. Ila mteja angeweza kuikodolea macho chupa ile kutwa kucha asijue ametumia kiasi gani. Chombo kilikuwa kwake, na maana ya chombo ilikuwa ofisini kwa muuzaji.

Chupa hizo hazikudumu. Mwaka 1888 Oliver Shallenberger, mhandisi wa Westinghouse, alitengeneza mita ya umeme wa mkondo geu; mwaka uliofuata Ottó Bláthy wa Budapest akatoa ya kwake. Katika ukoo huo ndimo ilimozaliwa mita ya sahani inayozunguka nyuma ya kioo, ile ambayo wengi wetu tumekua tukiiona ukutani. Sasa mteja aliweza kusoma mwenyewe, na hilo lilikuwa jambo kubwa. Huko Uingereza sheria ya umeme ya mwaka 1899 iliweka utaratibu ambao baadaye uliigwa sehemu nyingi: mita ihesabiwe kuwa shahidi wa umeme uliouzwa, na pande mbili zikibishana juu ya usahihi wake aitwe mkaguzi wa umeme aamue. Kwa nyumba yenye taa nne utaratibu huo ulitosha. Kwa kiwanda haukutosha, kwa sababu ya ile hesabu ya kuzidisha.

Hesabu hiyo ilikujaje? Fundi mmoja aliyezeeka katika kazi ya kufunga mita za viwandani alinifungulia sanduku la mfano akanionyesha. Umeme wa kiwanda ni mwingi mno kupita ndani ya mita, ungeiunguza. Kwa hiyo kila waya mkubwa unaoingia kiwandani hupitishwa katikati ya pete nene iliyozungushiwa nyaya nyembamba, inayoitwa CT. Pete hiyo hutoa mkondo mdogo unaolingana na ule mkubwa, na huo mdogo ndio unaokwenda kwenye mita. Pembeni mwa pete kuna kibandiko kimeandikwa, kwa mfano, 200/5. Maana yake ampea 200 zikipita katika waya mkubwa, mita inapelekewa 5. Gawanya 200 kwa 5 upate 40. Basi kila yuniti moja inayosomeka ni yuniti 40 zilizotumika.

"Sasa tazama hapa, mzee," fundi akaniambia huku akizigusa pete kwa bisibisi. "Ziko tatu, kila njia na yake. Waya wa moja ukilegea, mita inaendelea kuzunguka kama kawaida, ila theluthi ya umeme haionekani. Na ukija kubadilisha hizi, ukafunga za 400 kwa 5, usipowaambia wa ofisini wabadilishe kizidishi, bili inatoka nusu. Mwenye kiwanda atajuaje? Yeye anaona mita inazunguka."

Nilimuuliza kama mwenye kiwanda haruhusiwi kufungua akatazama. Akanionyesha lakiri. Ukiikata, umeshakuwa mwizi wa umeme kabla hujaeleza nia yako.

Sasa turudi Fredericton. General Dairies kilikuwa kikinunua maziwa na krimu kutoka kwa wakulima wa maeneo hayo. Malipo ya wakulima yalipangwa baada ya kiwanda kupiga hesabu ya gharama zake, umeme ukiwamo. Gharama zikiwa ndogo, mkulima anapata zaidi. Kwa hiyo zile bili pungufu hazikukinufaisha kiwanda kwa maana ya kukijazia mfuko. Fedha zilizookolewa zilikwenda kwa wakulima, mwezi baada ya mwezi, katika kipindi ambacho mdororo wa uchumi ulioanza mwaka 1929 ulikuwa ukiangusha bei za mazao kote Amerika ya Kaskazini. Kampuni ya umeme ilipogundua kosa lake, fedha hizo zilikuwa zimekwisha kuingia katika nyumba za watu. Nani angepita shamba kwa shamba kuwaambia wakulima warudishe senti kadhaa kwa kila kopo la krimu la mwaka juzi?

Utetezi wa kiwanda ulisimama hapo. Sheria ya Kiingereza ina kanuni ya zamani inayomzuia mtu kuruka kauli yake pale mwenzake alipoiamini, akaifanyia kazi, na sasa ataumia kauli hiyo ikigeuzwa. Wanasheria wetu huiita estopeli, nayo imo katika Sheria ya Ushahidi ya Tanzania ya mwaka 1967. Kiwanda kilisema: ninyi ndio wenye mita, ninyi ndio mliosoma, ninyi ndio mlioandika bili na kunipa mkononi kwamba ndicho nilichotumia. Nikawaamini, nikagawa fedha. Leo hamwezi kunirudia. Mwaka 1935 Mahakama ya Juu ya Kanada, inayokaa Ottawa, ilikubaliana na kiwanda. Lau njia ingeishia pale, historia ya bili za umeme katika nchi zinazofuata sheria ya Kiingereza ingekuwa nyingine kabisa.

Lakini siku zile neno la Ottawa halikuwa la mwisho. Kampuni ilikata rufani kwenye Kamati ya Mahakama ya Baraza la Faragha, ambayo chumba chake kilikuwa Downing Street, London, hatua chache kutoka kwa waziri mkuu. Ilikuwa mahakama ya aina yake. Majaji wake hawakuvaa majoho wala mawigi. Walikaa mezani na suti zao za kila siku wakasikiliza kesi za reli za India, mashamba ya Ceylon, ardhi ya Afrika Magharibi, na sasa krimu ya New Brunswick. Uamuzi wao ulitolewa kwa namna ya ushauri kwa mfalme, na wakati ule ulitoka kwa sauti moja tu. Jaji asiyekubaliana na wenzake hakuwa na mahali pa kuandika anachofikiri.

Mwaka 1937 sauti hiyo moja ilikuwa ya Lord Maugham, ndugu wa mwandishi wa riwaya Somerset Maugham. Aliiangalia sheria ya huduma za umma ya New Brunswick akaona inasema mambo mawili waziwazi. Kampuni ya umeme haina ruhusa kutoza zaidi wala pungufu ya bei iliyosajiliwa kwa mamlaka ya udhibiti. Na mteja naye anapaswa kulipa bei hiyo, hiyo hasa. Hivyo deni lile halikuwa makubaliano ya watu wawili ambayo mmoja anaweza kumsamehe mwenzake, kwa kusudi au kwa bahati mbaya. Lilikuwa wajibu uliowekwa na sheria. Ikiwa kampuni na kiwanda wasingeweza kukaa na kukubaliana kuvunja bei hiyo kwa mkataba, basi hata kosa la karani haliwezi kuleta matokeo yaliyokatazwa kwa mkataba. Kanuni ya kumzuia mtu kuruka kauli ni kanuni ya ushahidi, na haina nguvu ya kufuta amri ya sheria. Rufani ikashinda. Kiwanda kikatakiwa kulipa.

Niliposoma hukumu ile mara ya kwanza nilikasirika. Baadaye nikafuata wazo lake lilikotoka, nikalielewa, ingawa hasira haikuisha yote.

Wazo hilo lilikomaa kwenye reli za Marekani. Katika miaka ya 1870 kampuni ya mafuta ya Standard Oil, ya John D. Rockefeller, ilikuwa ikipatana kwa siri na kampuni za reli irudishiwe sehemu ya nauli ya mizigo yake. Mshindani mdogo alilipa nauli kamili kwa treni ile ile na njia ile ile, na biashara yake ikafa bila yeye kujua aliyemuua. Hasira ya wakulima na wafanyabiashara juu ya mapatano hayo ilizaa sheria ya shirikisho ya mwaka 1887: bei za reli zitangazwe, na zitozwe sawa kwa wote. Mahakama zikaisimamia kwa ukali. Mwaka 1915 Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua kesi ya abiria aitwaye Maxwell, ambaye wakala wa reli ya Louisville and Nashville alimuuzia tikiti chini ya bei iliyosajiliwa kwa kukosea tu. Abiria hakuwa na hila yoyote. Akaambiwa alipe tofauti. Mahakama iliona kuwa kosa likikubaliwa kuwa sababu, kila upendeleo utakuja umevikwa nguo za kosa.

Hilo nalikubali kwa moyo wote. Atakayesema kuwa kampuni ya umeme iwe na uhuru wa kumwachia mteja deni anapotaka, amtazame kwanza jirani wa mteja huyo, mwenye kiwanda kama chake asiyemjua mtu yeyote ofisini. Bei moja kwa wote ni ngao ya mnyonge. Kinachonisumbua katika hukumu ya 1937 ni kitu kingine. Kati ya watu wote waliotajwa katika kesi ile, mmoja tu ndiye aliyeweza kulizuia kosa: mwenye mita, mwenye hesabu ya kizidishi na mwenye karani. Na ndiye pekee ambaye hukumu haikumgharimu kitu. Alizembea miezi 28, akalipwa yote. Sheria iliyotungwa kuwakinga wadogo dhidi ya wakubwa iligeuka kuwa bima ya uzembe wa mkubwa, na malipo ya bima yakatoka mfukoni mwa aliyeuziwa. London walikuwa na sababu za kukataa kulifuta deni. Lakini kuna tofauti kati ya kufuta deni na kuuliza ni nani abebe hasara ya kuchelewa kulidai, na swali hilo la pili halikupata nafasi mezani pale.

Hapa ndipo njia inapoingia kwetu. Mwaka 1931 Tanganyika ilipata sheria yake ya umeme, na mwaka huo huo zikaundwa kampuni mbili: DARESCO kwa ajili ya Dar es Salaam na wilaya zake, na TANESCO, iliyokuja kuyatumia maporomoko ya mto Pangani kuupa umeme mji wa Tanga na mashamba ya katani. Ugomvi wa kibiashara uliozuka Dar es Salaam, Nairobi, Kampala au Zanzibar uliweza kupanda hadi Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki, na juu ya mahakama hiyo palikuwa na meza ile ile ya Downing Street. Mfanyabiashara wa Mtaa wa Mosque aliyegombea bili yake na mwenye kiwanda wa Fredericton walikuwa na jaji mmoja wa mwisho. Tanganyika iliikata njia hiyo mapema baada ya uhuru, na majirani zake wakafuata katika miaka ya 1960. Mwaka 1964 DARESCO na TANESCO ziliunganishwa, na kufikia 1975 hisa zote zilikuwa mikononi mwa serikali. Ile sheria ya 1931 iliendelea kuishi hadi ilipofutwa na Sheria ya Umeme ya mwaka 2008. Kanuni ya Lord Maugham ilibaki pia, kwa sababu haikuandikwa katika sheria ya umeme peke yake. Imekuwa sehemu ya fikra za mawakili na majaji wa nchi hizi: kauli ya ofisa haiwezi kuishinda sheria, hata kama ulimwamini.

Wafanyabiashara hawakunyamaza baada ya 1937. Walitafuta mlango mwingine, na mlango mmoja ulifunguka Scotland. Kampuni ya British Oxygen ilikuwa na kiwanda Polmadie, Glasgow, kilichotenganisha oksijeni na hewa, kazi inayokula umeme usiku na mchana. Kiwanda kilinunua umeme wa msongo mkubwa kutoka kwa bodi ya umma ya umeme ya kusini mwa Scotland. Gharama zilipopanda, bodi iliweka nyongeza kwenye bili. Kampuni ikalalamika kuwa wateja wa msongo mkubwa wanabebeshwa mzigo usiolingana na gharama za kuwahudumia, kwani kumpelekea mteja umeme wa msongo mkubwa ni nafuu kuliko kuushusha na kuusambaza nyumba kwa nyumba. Haikusema "mlikosea hesabu". Ilisema "bei yenyewe inabagua, na sheria ya 1947 imewakataza kubagua". Kesi ilifika Baraza la Mabwana, mahakama ya mwisho ya Uingereza wakati ule, mara mbili, mwaka 1956 na 1959, na mwishoni kampuni ikapata haki ya kurudishiwa ilichotozwa kupita kiasi. Kumbe ile sheria ya usawa wa bei, iliyokitoa jasho kiwanda cha Fredericton, ilikuwa na makali pande zote mbili. Aliyejua kuishika aliweza kumkata nayo muuzaji.

Kesi ya Polmadie ilitaka wakili mzuri, wataalamu wa gharama na miaka mingi ya subira, vitu ambavyo kampuni ya oksijeni inavyo na msaga unga hana. Aliyekuja kuisogeza kanuni ya 1937 kutoka ilipokaa alikuwa mdogo zaidi, na kwa bahati ya ajabu alikuwa muuza maziwa mwingine.

Kenora ni mji wa Ontario ulio kando ya ziwa Lake of the Woods, karibu na mpaka wa Manitoba. Hapo palikuwa na ushirika wa maziwa, Vacationland Dairy, na tume ya umeme ya mji. Kwa karibu miaka 7 tume iliutoza ushirika pungufu kwa kosa la hesabu zake yenyewe. Ilipogundua ikadai. Ushirika ukajibu kama kilivyojibu kiwanda cha Fredericton nusu karne na ushee kabla: tuliamini bili zenu, tukapanga bei na kuendesha biashara kwa bili hizo. Mwaka 1994 shauri lilikuwa mbele ya Mahakama ya Juu ya Kanada, ambayo sasa haikuwa na mtu juu yake, kwa kuwa Kanada ilikuwa imeacha kupeleka rufani London tangu 1949.

Majaji waligawanyika. Walio wachache waliona hakuna tofauti ya msingi na hukumu ya Lord Maugham. Bei ni bei, na kila mteja anayeachiwa analipiwa na wenzake. Walio wengi waliisoma sheria ya Ontario neno kwa neno wakaona haisemi kama ile ya New Brunswick ilivyosema. Haikuweka katazo la wazi linaloibana tume na mteja kiasi cha kufuta kinga zote za haki ambazo mdaiwa mwingine yeyote angekuwa nazo. Bunge halikuziondoa kinga hizo, na mahakama haitaziondoa kwa niaba yake. Rufani ya tume ya umeme ikatupwa. Ushirika haukulipa. Hukumu ya 1937 haikubatilishwa. Iliwekewa mipaka tu. Na safari hii waliopinga waliandika, ili atakayekuja baadaye apime mwenyewe hoja za pande zote mbili.

Nimezisoma hukumu hizi mbili sambamba, na sikubaliani na yeyote anayesema kuwa zinatofautiana kwa sababu ya maneno ya sheria tu. Maneno yalitoa nafasi. Lakini kati ya 1937 na 1994 kilibadilika pia kitu katika macho ya majaji: waliweza kumwona mteja kama mtu anayepanga maisha yake kwa karatasi aliyopewa. Biashara ndogo haina akiba ya kungojea makosa ya miaka 7. Unga ulishauzwa kwa bei ya wakati ule. Maziwa yalishanywewa. Msaga hawezi kumfuata mama aliyesagiwa debe mwaka juzi akamwambia arudi aongeze shilingi 200.

Hata hivyo ushindi wa Kenora haukunifanya nitamani kila mdaiwa aachiwe deni lote. Umeme ulitumika kweli, mafuta au maji yaliyouzalisha yalitumika, na mwenye kiwanda aliyetozwa sehemu moja ya kumi kwa miaka mingi bila hata kushangaa anapaswa kuulizwa maswali. Njia nzuri zaidi ni kuweka ukomo wa muda. Uingereza, ambako kanuni kali ilitoka, imefika huko: mwaka 2018 mdhibiti wake wa nishati, Ofgem, aliwakataza wauzaji kudai umeme uliotumika zaidi ya miezi 12 nyuma, ikiwa mteja hakuwa na hila wala hakuwazuia kusoma mita. Kinga hiyo ilianza Mei kwa wateja wa majumbani na Novemba kwa biashara ndogo kabisa. Viwanda vikubwa viliachwa vijitetee vyenyewe. Muuzaji anajua ana mwaka mmoja wa kugundua kosa lake, na ukipita, hasara ni yake. Karani wa muuzaji wa namna hiyo atakagua vizidishi kabla ya mwaka kwisha. Naona hii ndiyo haki iliyokosekana Fredericton: bei inabaki ile ile kwa wote, na uzembe unabaki kwa aliyezembea.

Kwetu watumiaji wengi wadogo wameondoka katika ugomvi wa kusoma mita kwa sababu ya mita za LUKU. Unalipa kwanza, unawasha baadaye. Wanaobaki ni wale wa kati na wakubwa wenye mita za CT, na ndio wanaopelekewa barua za deni la nyuma. Nchini Kenya suala hili lilitikisa nchi Januari 2018, wakili Apollo Mboya alipokwenda Mahakama Kuu kupinga bili zilizorudishwa nyuma na kampuni ya Kenya Power, na wenye vibanda na wenye viwanda wakazungumza lugha moja. Huko mgogoro wa bili unaanzia kwa kampuni, unakwenda kwa mdhibiti, EPRA, kisha kwenye baraza la rufani la nishati na petroli lililowekwa na sheria ya 2019. Nchini Tanzania mlalamikaji huanza na mtoa huduma, asiporidhika huenda kwa mdhibiti, EWURA, na kutoka hapo rufani ni kwenye Baraza la Ushindani. Milango hiyo ni nafuu kuliko mahakama, na anayefika na karatasi zake mkononi husikilizwa tofauti na anayefika na malalamiko matupu.

Karatasi hizo zinaanza kukusanywa siku mita inapofungwa au kubadilishwa. Omba fomu ya kazi, uitie sahihi baada ya kuona imeandikwa namba ya mita, usomaji wa kwanza na uwiano wa CT zilizofungwa. Piga picha ya vile vibandiko kabla sanduku halijafungwa lakiri. Fundi muungwana hatakukatalia. Bili ya kwanza ikija, gawanya zile namba mbili za uwiano, ulinganishe jibu na kizidishi kilichochapishwa kwenye bili. Visipolingana, iwe kwa faida yako au kwa hasara yako, andika barua siku hiyo hiyo, ipeleke ofisi ya mkoa, na urudi na nakala iliyogongwa mhuri wa tarehe.